Masikio Manne

Sebuleni kwa bibi yangu kuna picha moja tu iliyowekwa kwenye fremu ya kioo. Ni ya baba yangu mdogo, ameshika gitaa, vifungo viwili vya juu vya shati havijafungwa. Alikuwa akipiga katika bendi ya dansi, akafariki kwa homa akiwa na miaka 22, muda mrefu kabla sijazaliwa. Chini ya picha hiyo, kwenye kochi, hukaa baba yangu mkubwa, ambaye naye alipiga katika bendi hiyohiyo. Yeye yu hai. Aliwahi kuuza kiwanja cha familia bila kumwambia mtu, ameoa mara tatu, na akitajwa watu huguna kwanza ndipo wazungumze. Bibi hupenda kusema, "Yule wa pichani hakuwahi kunikosea hata siku moja." Baba mkubwa akisikia hivyo hainui kichwa. Huongeza sauti ya redio.

Sebule hiyo ilinijia akilini mwaka jana, nilipokuwa nasoma kwa ajili ya kozi moja ya shahada ya uzamili habari za mtunzi wa muziki wa filamu wa China aliyeitwa Nie Er. Alifariki akiwa na miaka 23. Mimi nina 25, kwa hiyo nimeshampita. Huenda jina lake hujawahi kulisikia, lakini wimbo wake umeusikia: kila Mchina anapovikwa medali ya dhahabu kwenye Olimpiki, kila rais wa China anaposhuka kwenye ndege na kusimama mbele ya gwaride. Wimbo wa taifa wa nchi yenye watu zaidi ya bilioni moja ulitungwa kwa ajili ya filamu, na kijana ambaye hakuishi hata miezi miwili mizuri baada ya filamu hiyo kuonyeshwa.

Nilianza kumsoma kwa sababu ya wimbo. Nikaendelea kwa sababu ya wenzake waliobaki.

* * *

Alizaliwa Februari 1912 mjini Kunming, mkoa wa Yunnan, kusini-magharibi mwa China. Jina lake la kwanza lilikuwa Nie Shouxin. Baba yake alikuwa tabibu wa dawa za asili, akafariki mtoto akiwa bado mdogo sana, na mama ndiye aliyeshika duka la dawa na kulea watoto. Shouxin alijifunza filimbi na ala za nyuzi za kienyeji akiwa mwanafunzi, na pia akajifunza siasa. Mwaka 1930 aliondoka Kunming akikwepa kukamatwa, akafika Shanghai na kuajiriwa katika duka la wafanyabiashara wa sigara. Duka lilipofungwa mwaka 1931, alijiunga na kundi la nyimbo na michezo lililoitwa Mingyue, yaani Mwezi Mng'avu, akipiga fidla.

Hapo ndipo jina likabadilika. Herufi ya Kichina ya ukoo wa Nie, ikiandikwa kwa mtindo wa zamani, imeundwa kwa alama tatu za sikio. Wenzake walimwona kijana mwenye uwezo wa kusikia wimbo mara moja na kuurudia, wakamtania kuwa yeye ni Bwana Masikio. Akalipokea utani akaongeza neno "er", lenye maana ya sikio. Tangu hapo akawa mtu wa masikio manne.

Mkuu wa Mingyue alikuwa Li Jinhui, mtu anayetajwa hadi leo kuwa baba wa muziki wa kisasa wa mjini nchini China. Alichanganya mahadhi ya kienyeji na jazi, akafunza waimbaji wasichana, akajaza kumbi za dansi na santuri. Wahafidhina walimchukia kwa kuharibu maadili. Wanamapinduzi walimchukia kwa kuwafanya watu wacheze wakati Japani imekwisha kuinyakua Manchuria. Nie Er alikula mkate wake kwa Li Jinhui na alijifunza mengi hapo: namna ya kupanga ala, namna wimbo unavyomshika mtu asiyejua nota. Kisha mwaka 1932, akiwa na miaka 20, alichapisha makala ya kumshambulia kwa jina la bandia la Malaika Mweusi. Alitaka bwana mkubwa aache nyimbo laini na aende kwa umma. Kundi likagundua malaika ni nani, na Nie Er akaondoka.

Sehemu hii niliisoma mara mbili. Makala mengi ya kumsifu huipita haraka kama ushahidi kwamba aliamka mapema. Mimi niliona kijana aliyemchoma kisogoni mtu aliyempa kazi, kwa jina lisilo lake, huku akiamini kabisa kwamba yuko upande wa haki. Inawezekana alikuwa upande wa haki. Lakini mambo yote mawili ni kweli.

* * *

Baada ya hapo alijaribu kuingia chuo cha sanaa Beijing, akashindwa mtihani, akarudi Shanghai na kuingia katika kampuni ya filamu ya Lianhua. Mapema mwaka 1933 alijiunga kwa siri na Chama cha Kikomunisti. Mmoja wa waliomdhamini alikuwa mwandishi wa michezo ya kuigiza Tian Han, aliyemzidi umri kwa karibu miaka 14.

Ili kuelewa walichokuwa wanakifanya hawa wawili, inabidi kukumbuka hali ya filamu ya China miaka ile. Sauti ilikuwa inaingia polepole na kwa gharama kubwa. Kampuni nyingi ziliendelea kutengeneza filamu bubu, ambamo mazungumzo husomwa kwenye maandishi, lakini ziliweka muziki na nyimbo. *Barabara Kuu*, filamu ya Sun Yu iliyotoka Januari 1935, ni ya aina hiyo. Vijana wanajenga barabara ya kijeshi, midomo yao inasogea bila kusikika, kisha ghafla wanaanza kuvuta jiwe kubwa la kusawazisha njia na sauti zao zinajaza ukumbi. Katika filamu kama hiyo mtu maskini hana sauti mpaka aimbe. Mtunzi ndiye anayempa mdomo.

Nie Er alilijua hilo, na hakutaka kukisia tu sauti ya mfanyakazi. Alikwenda kuwatazama na kuwasikiliza watu wakivuta, wakibeba, wakishusha. Nyimbo zake za kazi zimejengwa juu ya mguno wa pamoja, ule unaotoka wakati uzito unainuka. Mtu wa pwani yetu hahitaji kuelezwa. Neno "harambee" lenyewe lilikuwa mwito wa namna hiyo kabla halijawa neno la majukwaani. Kwa Nie Er mguno si pambo la kuonjesha ladha ya umaskini. Ndio unaoweka mapigo, na mahadhi yanaufuata.

Kati ya 1933 na 1935 alitunga nyimbo zaidi ya 30. Upo wimbo wa mtoto muuza magazeti ambao watoto wa China bado wanaufahamu. Upo wimbo wa wahitimu kwa ajili ya filamu ya mwaka 1934 kuhusu vijana wawili waliosoma, wakakosa pa kusimama, wakaangamia. Filamu hiyo ilitengenezwa na kampuni ya Diantong, ambayo ilianza kama watengenezaji wa mitambo ya kurekodia sauti ndipo ikaingia kwenye filamu. Wahitimu wanaimba kwa matumaini mwanzoni, na mtazamaji anaubeba wimbo huo kichwani wakati maisha yao yanabomoka. Nikiwa na shahada moja mkononi na nyingine njiani, sikuweza kuutazama mwisho wake kwa utulivu.

* * *

Filamu iliyozaa wimbo wa taifa inaitwa *Fengyun Ernü*, ambalo kwa Kiswahili tunaweza kuliita Watoto wa Zama za Tufani. Ni ya Diantong pia. Hadithi ni ya Tian Han, imeongozwa na Xu Xingzhi: mshairi anastarehe na mwanamke tajiri huku rafiki yake anakwenda vitani, na habari za kifo cha rafiki ndizo zinazomtoa katika starehe. Mwishoni watu wa kawaida wanatembea pamoja kuelekea mapambano, wakiimba "Gwaride la Waliojitolea".

Tian Han alikamatwa na serikali ya Guomindang Februari 1935, kabla filamu haijapigwa. Alikuwa ameacha muhtasari wa hadithi na maneno ya wimbo. Xia Yan, mkomunisti mwenzake, akaandika mswada kamili. Nie Er akaomba apewe kazi ya kutunga wimbo. Naye alikuwa anatafutwa, kwa hiyo Aprili 15 alipanda meli kwenda Japani, akipanga kuendelea hadi Umoja wa Kisovieti au Ulaya kusoma muziki. Aliumaliza wimbo akiwa Tokyo, akautuma Shanghai. Aaron Avshalomov, mtunzi Myahudi mzaliwa wa Urusi aliyekuwa akiishi Shanghai, ndiye aliyeandika sehemu za okestra.

Ukiusikiliza kwa makini, utagundua kuwa si wimbo wa kawaida wa gwaride. Maneno ya Tian Han hayana mizani sawa. Mstari mmoja mrefu, mwingine mfupi. Mtunzi mwingine angeyanyoosha. Nie Er aliyaacha yapinde, akayakata kwa vituo vya ghafla, akarudia maneno mahali ambapo pumzi ya mtu anayetembea inahitaji kurudia. Neno la kwanza, lenye maana ya "inukeni", linapanda kutoka noti ya chini kwenda ya juu kama mtu anayenyanyuka kwa mkono mmoja. Baadaye linarudi mara tatu mfululizo, kila mara juu zaidi. Mwisho hauna madoido yoyote. Ni mwito wa kusonga mbele unaorudiwa, kisha unakatwa.

Kuna jambo jingine. Serikali ya wakati ule haikutaka Japani itajwe waziwazi kuwa adui. Kwa hiyo wimbo unasema "adui" tu, bila jina. Udhibiti huo ukaupa wimbo umri mrefu kuliko filamu, kwa sababu kila atakayeuimba baadaye angeweza kujaza jina mwenyewe.

Filamu ilianza kuonyeshwa Shanghai Mei 24, 1935. Siku hiyo mwandishi wa maneno alikuwa gerezani na mtunzi wa muziki alikuwa ng'ambo.

Nie Er alikuwa ameugawa muda wake Japani kwa vipindi vya miezi mitatu mitatu, na cha kwanza kilikuwa cha kujifunza Kijapani. Kipindi hicho kilikuwa kinaelekea kwisha alipokwenda na marafiki kwenye ufukwe wa Kugenuma, mjini Fujisawa. Julai 17, 1935 aliingia baharini kuogelea, akazama. Kwa kuwa alikuwa mkomunisti wa Kichina aliyefia Japani, minong'ono ya kwamba aliuawa haikukosekana, lakini hakuna aliyewahi kuleta ushahidi. Majivu yake yalirudishwa Kunming, na kaburi lake liko kwenye Milima ya Magharibi juu ya mji ule. Wajapani wa Fujisawa nao walimjengea mnara mwaka 1954 karibu na ufukwe, na tangu 1981 Fujisawa na Kunming ni miji rafiki. Mtu aliyetunga wimbo wa kuipinga Japani anatunzwa pande zote mbili za bahari.

* * *

Wimbo ukaenda peke yake. Wanafunzi waliuimba, na wanajeshi wa Guomindang, serikali ileile iliyomfunga mwandishi wake, waliuimba vitani baada ya Japani kuivamia China kikamilifu mwaka 1937. Mwaka 1941 Paul Robeson, Mmarekani Mweusi aliyekuwa mtoto wa mtu aliyezaliwa utumwani, aliurekodi New York kwa Kichina na Kiingereza katika albamu iliyoitwa *Chee Lai*, baada ya kufundishwa na mwanaharakati wa Kichina Liu Liangmo. Septemba 27, 1949 ukachaguliwa kuwa wimbo wa taifa wa muda wa China mpya. Wapo waliosema maneno yanayozungumzia hatari kubwa hayafai tena kwa kuwa ushindi umepatikana. Yakabaki kama yalivyo.

Sisi Watanzania hatupaswi kushangaa. Mahadhi ya wimbo wetu wa taifa yalitungwa mwaka 1897 na Enoch Sontonga, mwalimu wa shule ya misheni karibu na Johannesburg, aliyefariki mwaka 1905 bila kujua kwamba kuna nchi zitasimama wima yakipigwa. Wimbo hauombi ruhusa ya mtunzi ili ukue.

Ila mwandishi wa maneno anaweza kukamatwa tena. Mapinduzi ya Utamaduni yalipoanza mwaka 1966, wale walioonekana kuwa mashujaa wa filamu za Shanghai ndio waliowindwa kwanza. Jiang Qing, mke wa Mao, alikuwa mwigizaji Shanghai katika miaka ya 1930 kwa jina la Lan Ping, na mwaka 1935 alikuwa Diantong, kampuni ileile. Waliomfahamu enzi hizo walikuwa wanajua mengi. Xia Yan alifungwa zaidi ya miaka minane, akatoka na mguu uliovunjika. Tian Han alipigwa, akadhalilishwa hadharani, na Desemba 1968 akafa kizuizini, akiwa ameandikishwa hospitalini kwa jina lisilo lake.

Na wimbo? Maneno yalikuwa ya "adui wa umma", kwa hiyo yakanyamazishwa. Mahadhi yakaendelea kupigwa kwa ala tupu. Hili ndilo lililonisimamisha kwenye usomaji wangu. Kati ya 1970 na 1975, maelfu ya Wachina walipokuwa wakijenga reli ya Tazara pamoja na Watanzania na Wazambia, wimbo wa taifa wa nchi yao ulikuwa hauna maneno ya kuimbwa. Mwaka 1978 yakaletwa maneno mapya ya kumsifu Mao na chama. Desemba 1982 maneno ya Tian Han yakarudishwa. Yeye alikuwa ameshasafishwa jina mwaka 1979, kwenye hafla ya kumbukumbu ambayo haikuwa na majivu yake, kwa sababu hayakuhifadhiwa.

Li Jinhui, yule wa Mingyue, alifariki mwaka 1967 katikati ya mateso hayohayo. Lawama alizorushiwa na Malaika Mweusi mwaka 1932 zilikuwa zimegeuka kuwa hati ya mashtaka. He Lüting, mtunzi mwingine mkubwa wa filamu wa kizazi cha Nie Er, ambaye nyimbo zake katika *Malaika wa Mitaani* ya mwaka 1937 bado zinaimbwa, aliburutwa mbele ya kamera za televisheni mwaka 1968 ili akiri makosa. Akakataa, akapaza sauti kwamba wanachosema ni uongo. Alikaa kizuizini hadi 1973. Aliishi mpaka 1999.

Nie Er angekuwa na miaka 54 mwaka 1966. Hakuna sababu ya kuamini kwamba angenusurika: alidhaminiwa na Tian Han, alifanya kazi Diantong, alikuwa ameishi Japani. Huenda angevunjwa kama Tian Han. Huenda angesimama kama He Lüting. Na kuna uwezekano wa tatu ambao vitabu vya sifa haviutaji: kwamba mkono ulioandika ile makala ya mwaka 1932 ungeandika nyingine, dhidi ya rafiki, na safari hii kwa jina lake halisi. Sisemi kwamba angefanya hivyo. Nasema kwamba usafi wake tunaouona leo kwenye sanamu na majumba ya makumbusho hakuupata kwa kushinda mtihani. Mtihani haukumkuta.

Wenzake uliwakuta. Wengine waliandika maungamo ya uongo, wengine walikaa kimya rafiki alipopigwa, wengine walipiga kelele mbele ya kamera. Maisha yao yana doa hapa na pale, ndiyo maana ni vigumu kuyaweka kwenye fremu ya kioo. Historia tunayofundishwa hupenda vijana waliokufa kwa sababu hawabishani na maelezo yaliyowekwa chini ya picha zao. Aliyebaki hai husema, "Haikuwa hivyo," na pia hufanya mambo ya aibu yanayoharibu hadithi.

* * *

Likizo iliyopita nilikwenda kwa bibi nikiwa na wimbo huo kwenye simu. Baba mkubwa alikuwa kwenye kochi lake. Nilimchezea rekodi ya zamani, ile yenye mikwaruzo. Alisikiliza mpaka mwisho akiwa ameinamisha kichwa, vidole vikigonga gotini, kisha akaomba nirudie.

"Anayepiga tarumbeta mwanzoni anajua," akasema. "Nani katunga?"

Nikamweleza: kijana, filamu, bahari, miaka 23. Nikamweleza pia kuhusu aliyeandika maneno. Hapo akaniuliza maswali mengi zaidi: alifungwa mara ngapi, alikuwa na watoto, walimzika wapi. Sikuwa nimetegemea hilo.

"Kwa hiyo yule mtoto alikufa kabla hajakosea," akasema mwishowe.

Hakutazama picha ukutani. Mimi ndiye niliyeitazama. Kisha nikamuuliza jambo ambalo katika miaka yangu yote sikuwahi kumuuliza, kwamba yeye kwenye bendi alikuwa anapiga nini.

"Besi," akajibu, na kupunguza sauti ya redio.